Jitimai Alikuja Kwenye Posa

Usiku wa jana niliota nimerudi nyumbani kwa Mzee Shekue kumposea mpwa wangu Hilali, ingawa tulishakwenda Jumamosi na jibu bado tunalisubiri. Mimi ndiye mshenga. Nilichaguliwa kwa ajili ya maneno yangu. Mtaani wanasema nikifungua mdomo hata paka hutulia.

Mlangoni amekaa Kamusi, mnene, kofia ya kiua kichwani. Haingii mtu bila kueleza maana yake.

"Wewe?"

"Mpwa. Mtoto wa dada yake huyu," anasema Hilali. "Nataka kuoa."

"Pita."

Mimi ananipitisha bila kuniuliza, nami najiona mkubwa.

Sebuleni naitoa hotuba yangu ya Jumamosi, ile ile: "Mzee Shekue, tumeingia nyumba hii kwa jitimai kubwa." Neno lenyewe nililiokota redioni, likanikaa vizuri mdomoni. Jumamosi Mzee Shekue aliinamisha kichwa, nikajua nimemmaliza kwa ufasaha.

Safari hii mlango unafunguliwa. Anaingia mwanamke aliyejitanda kaniki, macho mekundu.

"Nimeitwa," anasema. "Mimi ni Jitimai."

"Maana yako?" anauliza Kamusi.

"Huzuni kubwa. Majonzi."

Uso unaniwaka moto. Natamani ardhi ipasuke inimeze. Ardhi inajibu kwamba leo haipokei washenga.

Mara sebule si sebule tena. Viti vimetolewa nje, mikeka imetandikwa, udi umegeuka ubani, na sinia la sambusa limekuwa birika la kahawa chungu. Mzee Shekue ananishika mkono.

"Pole sana, ndugu yangu. Nani amekufa?"

Jitimai ananisogelea sikioni. "Sema maneno mawili tu, baba. Sikujua maana. Ukisema, mimi naondoka zangu."

Nawatazama wote wale wanaonihesabu mtu wa maneno. Mdomo unagoma.

"Hilali," nasema. "Amekufa Hilali."

Hilali, aliyeketi ubavuni kwangu na kanzu yake mpya, anageuka.

"Mimi, Mjomba?"

"Ndiyo, baba."

"Haya."

Analala mkekani, anajinyoosha, anafumba macho. Hakubisha hata kidogo, na hilo ndilo lililonitia aibu kuliko yote. Zaituni, binti wa Mzee Shekue tunayemposa, anatoka chumbani akilia. Nami nakaa pale napokea pole kwa mikono miwili.

Niliamka nimelowa jasho. Jua lilikuwa limeshatoka na kuna mtu anapiga hodi.

Alikuwa Hilali, mzima, amebeba mkeka uliokunjwa na chupa ya kahawa.

"Shikamoo, Mjomba. Vimeletwa kutoka kwa kina Zaituni. Wanasema hawawezi kuzungumza harusi na watu wenye msiba, wanatungoja tumalize matanga." Alinitazama vilevile alivyonitazama ndotoni. "Mjomba, nani amekufa?"

Nilishindwa kumwangalia machoni. Niliuchukua ule mkeka, nikauweka begani, nikatafuta viatu vyangu.

"Twende kwa Mzee Shekue," nikamwambia. "Nina maneno mawili ya kumwambia."