Wanafunzi Wanane wa Rejista ya Kwanza

Hasira ya Mfinyanzi haikuanza siku ya mkutano. Ilikaa naye miaka arobaini, kama mgeni asiyejua kuaga. Ofisa wa Elimu ndiye aliyekuja kuichokonoa.

Walikutana darasani, maana shule yenyewe ilikuwa vyumba viwili na stoo. Wazazi walibanana kwenye madawati ya watoto, magoti karibu na kidevu. Ofisa alisimama mbele, shati limepigwa pasi hadi linakata, mkononi ameshika rejista kuukuu ya shule.

"Ndugu wazazi, mna wanafunzi kumi na tisa tu. Watoto wahamie shule ya ng'ambo ya mto. Na msinililie historia, kwa sababu hii shule ilianza kwa udanganyifu. Rejista ya kwanza ina wanafunzi thelathini, na wanane kati yao walikuwa hewa! Hawana umri, hawana mzazi, hawakufika hata darasa la tatu."

Watu wakacheka kidogo, kile kicheko cha kumfurahisha mkubwa. Mfinyanzi hakucheka. Alikuwa na mjukuu darasa la pili, na mto ule alikuwa anaujua ukifurika.

"Mmoja wa hao hewa ni mimi hapa," akasema, akijipiga kifua.

"Bibi, subiri zamu yako."

"Zamu yangu nimeisubiri tangu nina meno yote, mwanangu. Leo utanisikiliza."

Akaeleza. Wakati ule ofisi ilisema bila watoto thelathini hakuna mwalimu. Walipekua nyumba zote wakapata ishirini na wawili. Basi wanawake wanane, wenye migongo ya kubeba na matumbo ya kuzaa, wakajiandikisha darasa la kwanza. Hizi kuta walizijenga wao: kila aendaye mtoni alirudi na ndoo kichwani na jiwe kwapani. Chaki alitengeneza yeye, kwa udongo mweupe aliouanika juani. Alikaa dawati moja na binti yake wa kwanza, naye binti akimfinya chini kwa chini: "Mama, usinyooshe kidole, unaniaibisha."

"Nikanyoosha! Nilikuwa wa nne darasani. Na watoto wa kweli walipotimia thelathini, tukaambiwa, asanteni kina mama, rudini jikoni. Ndiyo maana hatukufika la tatu. Tulifukuzwa na shule tuliyoijenga, halafu wewe unakuja kutuita hewa?"

Ofisa akatazama saa yake.

"Tumekusikia, bibi. Sasa wote tumalizie kutia saini karatasi ya mahudhurio, twende nyumbani."

Karatasi ilikuwa inazunguka tangu mwanzo. Ilipomfikia, watu kumi na saba walishasaini. Mfinyanzi akatoa miwani yake yenye mkono mmoja uliofungwa kwa uzi, akaweka kidole chini ya neno la kwanza.

"Bibi, hapo ni kusaini tu," Ofisa akasema.

"Nami nasoma tu."

Akasoma kwa sauti, polepole, silabi kwa silabi, na hakuna aliyethubutu kumsaidia. "Sisi... wazazi... tuliotia saini... hapa chini... tumeridhia... shule yetu... ifungwe."

"Hiyo ni lugha ya ofisi!" Ofisa akadakia.

"Mwalimu Mkuu, ulijua?" Mfinyanzi akauliza.

Mwalimu Mkuu aliangalia viatu vyake. "Mama, mimi ni mtumishi tu. Nimeletewa kama ilivyo."

Fundi mwashi ndiye aliyeinuka kwanza. Akaivuta karatasi, akalikata jina lake mistari miwili. Wengine wakamfuata, hata waliotia dole gumba wakapaka wino juu ya alama zao mpaka pakawa doa moja jeusi. Ofisa akafunga mkoba kwa kishindo.

"Mtaandikiwa barua!"

"Iandike kwa herufi kubwa, macho yangu yamechoka. Na rejista iache mezani, si ya kwenu."

Akaiacha. Gari lilipoondoka, kina mama wakapiga vigelegele. Mfinyanzi akaupiga ubao kwa kiganja.

"Nyamazeni! Mnashangilia nini? Wewe Fundi, umemaliza la saba kwenye chumba hiki hiki. Mwenye Duka, hivyo hivyo. Wewe uliyenifinya darasani, binti yangu mwenyewe, ulipasi kunizidi! Nyinyi mnaojua kusoma mmeuza watoto kwa uvivu wa kuangalia mstari mmoja. Yule ametudanganya ndiyo. Nyinyi je? Nilibeba mawe ili mje kusaini msichokisoma?"

Binti yake, sasa naye ana mvi, aliinamisha kichwa.

"Mwalimu, lete karatasi safi. Andika: sisi wazazi tunakataa shule ifungwe. Basi, usipambe."

Mwalimu akaandika. Mfinyanzi akasimama mlangoni, mwili wote umeziba njia.

"Hapa hatoki mtu. Kila mmoja atakuja mbele, asome kwa sauti, ndipo asaini. Asiyejua kusoma atasomewa mara mbili, na atasema kwa mdomo wake amesikia nini. Binti yangu, anza wewe."

"Mama, jamani, nina chungu jikoni."

"Kiungue."