Jina la Masuo

Rasimu ya historia ya chama ilikuwa na kurasa arobaini na mbili. Tokie Kurauchi aliisoma yote akiwa amepiga magoti mbele ya meza fupi, wenzake sita wakinywa chai na kumsubiri. Alipofika mwisho alirudi nyuma, akapekua upya kurasa za mwaka 1972.

Jina la mumewe, Masuo, halikuwamo.

Chama chao cha wachimba makaa ya mawe wa eneo la Chikuho kilikuwa na watu mia tatu siku kilipojitenga na chama kikubwa. Kikagawanyika tena, na tena, kila mara kwa ugomvi wa sentensi mbili tatu za ilani. Sasa migodi yote imefungwa, wamebaki wazee saba katika chumba kilicho juu ya duka la tofu, chakula cha soya, na mwezi wa nne watakivunja chama. Historia hiyo ndiyo kitu cha mwisho watakachochapa.

"Ndugu Nagatomo," Tokie alimwita mwenyekiti. "Gazeti letu lilichapwa na nani miaka kumi na tisa?"

"Imeandikwa hapo, dada. Kamati ya uenezi."

"Kamati! Kamati ndiyo iliyopinda kidole kwa kuchora karatasi za nta za kuchapia? Kamati ndiyo iliyokuwa ikikohoa usiku kucha nyumbani kwangu?"

Mzee Iwamaru alichekea ndani ya kikombe. "Kamati ilikuwa inakuja kula maharage yako tu."

"Nyamaza wewe, uliyekuwa wa kwanza kushika bakuli."

Nagatomo hakucheka. Alisema kanuni inajulikana: aliyefukuzwa hatajwi mpaka aandike barua ya kujikosoa. "Lakini tumelifikiria, dada. Wewe ni mjane wake. Iandike wewe kwa niaba yake. Mistari mitano tu, na jina linarudi."

Tokie aliiweka rasimu mezani. "Ajikosoe kwa lipi?"

Baada ya mlipuko wa 1972 uliowaua watu ishirini na sita chini ya ardhi, Masuo aliandika gazetini kwamba viongozi wa wafanyakazi, watu wa chama hiki hiki, walikuwa wametia sahihi kuwa gesi ilipimwa asubuhi ile. Haikupimwa. Wote chumbani walijua. Walijua hata siku walipomfukuza.

Na siku ile desturi ilifuatwa. Katika chama chao, mtu akifukuzwa, aliye karibu naye zaidi ndiye huanza kuinua mkono, ili wengine waone kwamba chama kinatangulia nyumba. Tokie alianza. Masuo aliutazama ule mkono, hakumtazama usoni. Waliishi pamoja miaka mingine ishirini na moja, wakala meza moja, na hawakulizungumza hata mara moja.

"Siandiki," Tokie alisema. "Na historia hii siikubali."

"Wenzako sita wameikubali."

"Tangu lini sita wakatosha hapa? Hatujawahi kuchapa hata tangazo la mkutano bila wote kukubali. Mnataka tuanze leo?"

"Dada, tutakufa bila kuacha kitu!"

"Basi nifukuzeni. Mkibaki sita, mtakuwa wote mmekubali." Aliwazungukia kwa macho, mmoja mmoja. "Mume sina. Aliye karibu nami ni nani? Iwamaru, umekula kwangu miaka thelathini. Haya, anza."

Iwamaru aliingiza mikono yote miwili chini ya meza.

"Inua! Mbona mimi niliinua? Ni mkono tu, hauna uzito!"

"Tokie," mzee alisema. "Mimi siwezi."

"Nami ningeweza kusema hivyo siku ile," Tokie alisema. "Maneno mawili tu. Nilikuwa nayo mdomoni."

Hatimaye Nagatomo aliivuta rasimu, akafungua kalamu, akaandika pembeni mwa ukurasa: Kurauchi Masuo alichapa gazeti hili. Alifukuzwa kwa kusema kweli. Aliisukuma karatasi kwake bila kuinua uso.

Tokie aliisoma, akairudisha.

"Ongeza. Wa kwanza kuinua mkono alikuwa mkewe."

"Hilo si lazima, dada."

"Andika, Nagatomo. Na jina langu liandike lote."