Jaji Aliyemsikiliza Zeferino

Mahakama yetu ya Vale de Freixos, mji mdogo wa milimani Ureno, haijapata jaji mwingine aliyesikiliza watu kama Belmiro Sarzedas. Wengine walikuwa na elimu kama yake, labda zaidi. Shahidi akianza na ndoa ya shangazi yake ili afike kwenye mpaka wa shamba, Sarzedas hakumkatiza. Aliweka kalamu chini, akangoja.

Kesi ya maji ya kijiji cha Covelo ilimkuta akiwa ameshatuzoea. Deolinda Gralha, mjane mwenye ng'ombe wachache, alidai kwamba jirani yake Serafim Touça ameziba mfereji uliokuwa ukileta maji ya chemchemi kwenye konde lake la majani, Jumatano na Jumamosi, kiangazi chote. Zamu za maji huko milimani haziandikwi. Hukaa vichwani mwa wazee. Na mzee aliyezijua zote alibaki mmoja tu, Zeferino, mjomba wa marehemu mume wa Deolinda, ambaye miguu ilikuwa imekwisha kumshinda.

Kwa hiyo mahakama ikapanda mlima. Jaji, karani na mawakili wawili wakasimama kwenye matope, mzee akakalishwa kitini kando ya mfereji.

"Wewe ndiye jaji?" Zeferino akauliza. "Mbona mwembamba hivi? Huko wanakulisha nini?"

Wote wakacheka, hata Serafim.

"Supu ya kabichi, mzee. Haya, niambie kuhusu maji."

Mzee akaeleza mchana kutwa, akionyesha kwa fimbo jiwe lililokuwa likiondolewa ili maji yageuke, na ni akina nani waliliondoa tangu enzi za baba yake. Wakili wa Serafim alimbana kila upande, asimtikise. Sarzedas alishuka mlimani akiwa ameshaijua hukumu yake. Yalibaki maneno ya mwisho ya mawakili tu, yaliyopangwa wiki mbili mbele.

Kabla ya siku hiyo ikaja simu kutoka Lisbon. Serikali mpya ilikuwa inaundwa, na walitaka Waziri wa Sheria asiye mwanasiasa. Wakamchagua yeye; angeapishwa Ijumaa.

"Waombe wakungoje hizo wiki mbili," mkewe Leonilde alimwambia mezani.

"Serikali haingoji mfereji, Leonilde."

"Na Deolinda je, angoje serikali?"

"Jaji mwingine atasoma faili."

Alijua vizuri kwamba faili halikuwa na kitu. Siku hizo maneno ya mashahidi katika kesi kama ile hayakurekodiwa. Aliyeyasikia ndiye aliyepaswa kuamua, na akiondoka kabla ya kumaliza, mashahidi huitwa upya. Nadhani alijiambia kwamba mzee angeeleza tena, kwa raha zake, kama alivyoeleza mara ya kwanza. Sisemi lilikuwa wazo baya. Lilikuwa wazo la mtu mwenye haraka.

Zeferino alipata kiharusi kabla jaji mpya hajafika. Hakufa, lakini ulimi haukurudi.

Deolinda akapanda basi hadi Lisbon na kikapu cha soseji za moshi. Waziri alimpokea ofisini, chini ya dari iliyochorwa malaika.

"Ulipokuwa jaji ulikataa hata maji ya kunywa kwangu," alisema akitua kikapu mezani. "Waziri je, anaruhusiwa kula?"

Sarzedas akacheka. Deolinda hakucheka.

"Mjomba alikwambia yote, mheshimiwa. Mwandikie huyo jaji mpya. Mistari miwili tu."

"Siwezi, Bi Deolinda."

"Si wewe ndiye mkubwa wao?"

"Majaji hawana mkubwa. Waziri akimwandikia jaji juu ya kesi, hata kama anasema kweli, basi hapo hakuna mahakama tena."

"Kwa hiyo nchi nzima jaji aliyemsikia ni wewe, na asiyeruhusiwa kusema ni wewe."

"Ndiyo."

Akachukua kikapu chake. Mlangoni akageuka. "Basi hongera, mheshimiwa. Wamekupandisha cheo ukawa bubu."

Deolinda akashindwa kesi. Ushahidi haukutosha, na jaji mpya hakukosea.

Sarzedas alikaa wizarani miaka minne, na watu husema alikuwa waziri mzuri. Yeye ndiye aliyeisukuma sheria ya kurekodi mashahidi kwenye kanda. Baadaye akarudi kwenye ujaji, lakini katika mahakama ya rufani, ambako haji mtu kuzungumza, zinakuja karatasi. Leonilde anasema alikuwa akizisoma kwa sauti, peke yake.

Alipostaafu akaja Covelo. Ng'ombe walikuwa wameshauzwa, konde limeota vichaka, na Deolinda alikuwa akivifyeka.

"Bi Deolinda, maji yalikuwa yako," alimwambia. "Jumatano na Jumamosi. Ningeandika hivyo."

Mama yule akaweka mundu chini.

"Serafim amekufa. Watoto wake wako Ufaransa. Mfereji hakuna anayeuziba wala anayeufungua."

"Najua nimechelewa."

"Nilishajiambia kwamba mjomba alichanganya mambo, na wewe hukumwamini, ndiyo maana ukaondoka kirahisi vile. Nikalizoea hilo. Nikalala usingizi. Leo unakuja kunivuruga."

"Nilimwamini kila neno."

"Ndiyo ubaya wenyewe huo, mheshimiwa."

Akaokota mundu, akaendelea na kazi. Ukingoni mwa konde Sarzedas akavua koti lake.

"Nikusaidie?"

"Mundu ni mmoja," alisema Deolinda bila kugeuka.