Bibi Pazia Hana Uso

Siwema amekula wali na maharage hadi akashiba, amejilaza kwenye kiti cha chumba cha kuhariri, na kabla hajajua kama amefumba macho au ni taa imezimwa, yumo ndani ya skrini. Hana shaka kwamba ni ndani ya skrini, kwa sababu ukuta ulio mbele yake ameupaka yeye mwenyewe, kijani kile cha wodi kuukuu kinachomfanya mtu ajihisi mgonjwa bila kuumwa. Siwema ndiye anayepanga rangi na mwanga wa Vyumba vya Ndani, tamthilia inayowafanya watu wazima na ndevu zao waombe kusindikizwa chooni. Na asubuhi hii mtayarishaji wake, Bwana Sekibo, amemwambia kwamba katika sehemu ya mwisho yule mzuka, Bibi Pazia, lazima aonyeshe uso. Watu wamechoka kubahatisha, amesema, tuwape jini lenye meno. Siwema ameenda kula na hasira zake. Bibi Pazia hana uso, na utamu wake wote uko hapo. Mahali pa uso Siwema humwachia giza, na kila mtazamaji kwenye kochi lake hulijaza giza hilo na mtu anayemwogopa yeye: huyu baba wa kambo, yule mwalimu wa zamani, mwingine nafsi yake. Mtie meno uone, atabaki kinyago cha kuchekwa na watoto.

Basi anatembea. Barabara inageuka korido, korido inageuka tena barabara, na barabara inaingia katika mji ambao kuta zake ni vioo, na ndani ya kila kioo kuna mji mwingine wenye Siwema mwingine anayetembea akielekea kwake. Mwanga unatokea sakafuni, kama anavyopenda kuuweka, ili vivuli viupande ukuta. Kimoja kimeelekea upande usio wake, naye anakisukuma kwa mguu, kinakaa sawa. Anafika mlangoni. Anafungua kinywa apige hodi, na sauti yake haijatoka bado, ndani wameshaitikia: karibu. Hapo anakosea kosa la mtu aliyelelewa vizuri. Starehe, anasema, na anaingia, anakaa mkekani, anapokea maji, anakunywa. Ameshakuwa mgeni, na mgeni haondoki mpaka apewe ruhusa.

Mwenyeji ni mwanamke mrefu aliyejifunika khanga, na mahali pa uso pana giza lile lile. Shikamoo, anasema Siwema. Marahaba, mwanangu, anajibu Bibi Pazia, umekuja na brashi? Brashi ya nini, bibi? Ya kunitia uso. Nashukuru kwa maji, bibi, naomba ruhusa niende. Hee, mapema yote hii? Kaa kidogo, chakula kinaiva. Mlango unahamia ukuta mwingine. Njia ya kutokea ni ipi, bibi? Iko usoni kwangu, nawe hujaichora. Siwema anaomba ruhusa tena, na tena anaambiwa asubiri, na kila anapoomba chumba kinapungua, mpaka magoti yake yanagusa khanga ya mwenyeji. Brashi imo mkononi mwake, hajui imefikaje. Ndani ya kioo cha ukutani unajitokeza uso wa mama yake, marehemu Bi Mwanamkasi, na kidoti chake shavuni. Chora huu, anasema Bibi Pazia, unaujua vizuri, nami nitakufungulia. Siwema anamkumbuka mama yake mpaka kifua kinamuuma. Angetoa chochote amwone mara moja tu. Lakini kumchora ni kumweka mama yake gizani ili kila nyumba imwogope. Anaivunja brashi. Sichori, anasema, na wala siagi. Anainuka na kumpa mwenyeji mgongo, yeye ambaye hajawahi kutoka nyumba ya mtu bila kuaga. Mtoto huyu hana adabu kabisa! Ndiyo, bibi, leo sina. Mbele yake umesimama ukuta ule wa kijani alioupaka, anaujua, ni mbao nyembamba zilizopigiliwa misumari kwa haraka, anautia bega na unaanguka.

Yuko kitini. Bwana Sekibo amesimama mlangoni, taa ya korido ikiwa nyuma yake, na mahali pa uso wake hapaonekani kitu. Umeamua? anauliza. Taa ile ilifungwa na fundi wa umeme, Siwema anakumbuka hivyo, lakini kama angepewa yeye aifunge, angeifunga hapo hapo, uso ubaki gizani. Hajui kama ameamka. Angeweza kumwambia asogee mbele kidogo, ajue kama ni yeye kweli. Hamwambii. Anakaa wima na anamkazia macho pale pale gizani. Bibi Pazia hana uso, anasema, na hatapata, uwe wewe ni Sekibo au uwe ndiye yeye mwenyewe.