Mwandiko wa Mwalimu Murunga

Kama ulisoma shule ya msingi upande wa Kapseret enzi zile Mwalimu Murunga alipokuwa bado na chaki mkononi, basi mwandiko wako ni wake, utake usitake. Herufi zimesimama wima. Tumbo la "a" limefungwa vizuri, mkia wa "g" unashuka na kurudi mahali pake bila mbwembwe. Kuna manesi wanaoandika hivyo, kuna makarani na mapasta, na kuna mwizi mmoja wa ng'ombe ambaye maelezo aliyoyaandika mwenyewe yalimfurahisha hakimu hata akamsifu mbele ya watu kabla ya kumfunga. Kisa hicho Mwalimu alikipenda kupita kiasi. Alikisimulia kwenye harusi.

Imani yake ilikuwa moja: mwandiko ni mtu. Mpe karatasi, atakwambia mwenyewe ni nani. Herufi zinazolala mbele ni za mwenye pupa na hasira, zinazolala nyuma ni za mtu anayeficha jambo, na mstari unaoteremka kuelekea mwisho ni wa mtu mwenye huzuni. Alikoyatoa hayo hakuna aliyethubutu kumwuliza. Na kwa kuwa aliamini hivyo, aliona kwamba ukinyoosha mwandiko wa mtoto umemnyoosha mtoto mwenyewe. Pale ambapo maneno hayakutosha, fimbo ilikuwa karibu.

Sasa Mungu akampa mtoto mmoja wa kiume, Lawrence, na mtoto huyo akashika kijiko kwa mkono wa kushoto. Mwalimu hakulala usingizi. Kila jioni baada ya chai alimfunga mkono ule kwa kitambaa, akamkalisha mezani, akamwandikisha kwa mkono wa kulia mpaka vidole vikavimba. Nelima, mkewe, ambaye sasa ni marehemu, alimwambia mara nyingi, "Baba Lawrence, si umwache tu mtoto?" Hakumwacha. Mtoto alipofika darasa la nne, ukiweka ukurasa wake kando ya ukurasa wa babake, hukuweza kujua upi ni wa nani. Mwalimu aliwaonyesha wageni kurasa hizo mbili na kuwaambia wachague. Wakikosea, alicheka hadi machozi yakamtoka.

Kicheko hicho kilikuja kumtokea puani.

Lawrence alikuwa mtu mzima, karani kwenye ghala la mahindi, ana mke na binti mdogo, Nelima, aliyepewa jina la nyanya yake, wakati watu walipomtoa maiti bwawani kule Kesses alikokuwa amepanga nyumba. Hakuwa na jeraha. Mkewe, Jebet, alikuta karatasi mezani, akaipeleka polisi kwa mikono yake mwenyewe. Na polisi wakampigia Mwalimu simu.

Sajini aliyempokea kituoni aliitwa Kimeli, na alikuwa mmoja wa wanafunzi wake. Aliinuka Mwalimu alipoingia, jambo ambalo polisi hawalifanyi kwa kila mzee.

"Pole sana, Mwalimu. Pole tena. Keti."

Akamsogezea ile karatasi ndani ya mfuko wa plastiki. Ilikuwa na maneno machache tu. *Nimechoka. Hakuna aliyenikosea. Msimsumbue mtu yeyote kwa ajili yangu. Lawrence.*

Mwalimu alivaa miwani yake. Alisoma, akarudia, kisha akaacha kusoma maneno na kuanza kuzikagua herufi kama alivyokagua vitabu vya watoto maisha yake yote. Alitafuta mahali kalamu ilipotetemeka. Alitafuta mstari ulioteremka. Hapakuwa na kitu. Mistari ilikuwa imenyooka utadhani imepigwa rula, na kila herufi ilikuwa imesimama imara. Hata nukta zilikuwa mahali pake. Angempa alama zote.

"Mtu anayeenda kufa hawezi kuandika hivi," alisema.

"Ndiyo sababu nimekuita," Kimeli akasema. "Nataka uniambie kama ni yake. Ukisema ni yake, tunafunga hii file, mnazika. Ukisema si yake, basi hiyo ni murder, na wa kwanza kushikwa ni bibi yake, juu ndiye alikuwa na yeye mwisho."

"Wewe unaonaje?"

Kimeli alivuta kipande cha karatasi, akaandika *Nimechoka* kwa kalamu yake mwenyewe, akakiweka kando ya ule mfuko. Maneno yale mawili yalikuwa mapacha.

"Hii ingekuwa yangu, Mwalimu. Ingekuwa yako. Sisi wote ulitufunza kuandika hivi. So mimi siwezi jua. Wewe ndiye unajua kusoma mwandiko, ulikuwa unatuambia hivyo kila siku."

Hakuwa anamsuta. Hilo ndilo lililouma zaidi. Mwalimu aliomba apewe mpaka kesho.

Nyumbani Kapseret tayari hema lilikuwa limesimamishwa, na mdogo wake Mulongo alikuwa amefika kutoka Bungoma na wazee wa ukoo. Mulongo ni mtu wa maneno mengi, lakini siku hiyo alimvuta kaka yake kando ya zizi na kuyafupisha.

"Siku hizi nani anaandika karatasi? Si watu wanatuma message? Huyo kijana alikuwa na simu kubwa kuliko ya chifu. Mimi nakwambia, huyo msichana anajua kitu."

"Unamshuku Jebet?"

"Simshuku. Nauliza tu. Lakini sikiza, ndugu yangu. Ukisema hiyo mwandiko si ya mtoto, tunamzika kama mtu. Atalala ndani ya nyumba yako, ataombewa, watu watasimama wamseme vizuri. Ukisema ni yake, unajua vile kwetu tunafanya mtu akijiua. Hapiti kwa geti. Atazikwa huko kwa ua, na hakuna wa kufungua mdomo."

Mwalimu alijua. Alikuwa amehudhuria mazishi ya namna hiyo ujanani mwake, kama unaweza kuyaita mazishi. Waliozika walinawa mikono wakaenda zao, na jina la marehemu halikutajwa tena mbele ya watoto. Alimwaza Lawrence akilazwa hivyo. Tuseme ukweli wenyewe: alitaka kwa moyo wake wote karatasi ile iwe imeandikwa na mtu mwingine. Na mwandiko ulikuwa upande wake. Kwa kila alichokiamini na kukifundisha, mkono ule haukuwa wa mtu aliyekata tamaa. Angelisema hilo mbele ya polisi na nafsi yake isimsute hata kidogo.

Hata hivyo alikuwa mwalimu, na mwalimu hatoi alama kwa kitabu kimoja. Asubuhi yake alipanda pikipiki hadi Kesses kumwomba Jebet karatasi nyingine ya kulinganisha.

Jebet alikuwa ameketi barazani mbele ya kiduka chake kilichofungwa, kichwa kimefunikwa leso. Aliinuka akamletea kile kigoda ambacho alimletea kila mara. Kwao Mwalimu, mzazi wa kiume hakanyagi ndani ya nyumba ya mwanawe aliyeoa; ni heshima, na Mwalimu hakuwa mtu wa kuvunja heshima. Miaka yote hiyo alikuwa akinywa chai pale nje, anazungumza na mwanawe, anarudi Kapseret. Zaidi ya mlango na pazia lake la maua, hakuijua nyumba ile.

"Nahitaji kitu kingine alichoandika," alisema.

"Ya nini, Baba?"

"Nilinganishe."

Jebet aliikaza leso kichwani. "Unafikiria ni mimi."

Mwalimu akaangalia viatu vyake. Mwanamke yule hakulia wala hakupiga kelele. Aliinuka, akalivuta pazia mpaka mwisho.

"Kuja uone."

"Siwezi kuingia, mama. Unajua."

"Simama hapo kwa mlango. Kuona haijakatazwa."

Akasimama kizingitini. Ukuta wa mbele yake ulikuwa umejaa maandishi kutoka chini hadi usawa wa kifua, kwa makaa, kwa kalamu za rangi, kwa chochote kilichopatikana. Palikuwa na vistari vya kumpimia mtoto kimo, na kando ya kila kistari maneno. *Nelima amefika hapa, anajidai twiga. Nelima amekataa kusimama wima, tumekadiria. Hapa ni mama yake, ameshiba chapati zangu.* Herufi zilikuwa kubwa, zimelala nyuma zote, zinagongana, nyingine zimepandana. Mwalimu angempiga mtoto kwa mwandiko ule.

"Nani ameandika?"

"Ni yeye. Na left."

"Alikuwa anatumia kushoto?"

"Hapa ndani, ndiyo. Kula, kuandika, kunyoa ndevu, kila kitu. Akisikia pikipiki yako imesimama hapo nje, anahamisha kijiko."

Mwalimu alishika fremu ya mlango. Alisoma ukuta ule kistari kwa kistari, na ndani yake alimkuta mtu asiyemjua: mtu wa utani, mchokozi, anayempenda mtoto wake bila kuona aibu. Mtu huyo hakuwahi kumletea chai pale barazani. Aliyemletea chai alikuwa kijana mtaratibu aliyejibu "ndiyo, Baba" na "sawa, Baba", na Mwalimu alirudi Kapseret kila mara akijisifu kwamba amelea.

Kisha akaona maandishi ya mwisho, karibu na mlango, hatua moja tu kutoka kigodani pake. Herufi zilikuwa zimepungua, zimekonda, na mstari ulianza juu ukateremka, ukateremka, mpaka ukakaribia sakafu. *Nelima, baba amechoka leo. Tutapima kesho.*

"Hiyo ni ya lini?"

"Mwezi uliopita. Nilikuambia, Baba. Nilikupigia simu nikakuambia hataki kula, hapati usingizi, anaangalia tu ukuta. Ukasema ni uvivu, aamke aende kazi."

Alikuwa amesema hivyo. Alikumbuka hata mahali alipokuwa amesimama akisema.

"Mimi nilipoona ile karatasi," Jebet aliendelea, na sasa sauti yake ilianza kukatika, "nilijua siyo yangu. Mimi ananitumia message. Ama anaandika hapo kwa ukuta. Hiyo aliandika na mkono wako, Baba, na kwa karatasi. Ni wewe alikuwa anaongea na wewe. Mimi hakuniachia hata neno moja."

Ndipo akalia. Mwalimu akamwaza mwanawe ameketi peke yake mezani, amekwisha kuamua, kisha anahamisha kalamu kutoka mkono wa kushoto kwenda wa kulia kwa sababu atakayesoma ni babake. Kama ilikuwa ni adabu au ni kulipiza kisasi, Mwalimu hakujua, na hakuna atakayemwambia.

Mchana alishuka mbele ya kituo cha polisi. Mulongo alikuwa anamsubiri kando ya pikapu iliyokodishwa kubeba jeneza, na alimshika mkono. "Ni neno moja tu, ndugu yangu. Moja." Mwalimu akautoa mkono wake taratibu, akaingia.

"Ni yake," akamwambia Kimeli.

"Una uhakika, Mwalimu? Jana ulisema mtu anayeenda kufa hawezi."

"Jana sikujua. Aliandika yeye mwenyewe. Mwache yule msichana akae na mtoto wake."

Kimeli alishusha pumzi. Akafungua dawati, akatoa karatasi ya maelezo na kalamu, akavisogeza mbele ya mzee. Kwa mtu kama huyu hakukuwa na haja ya kuandikiwa. Mwalimu aliinama akaandika *Mimi*, akasimama hapo. Neno lilikuwa safi, limenyooka, la kupendeza. Mkono haukutetemeka hata kidogo. Mwanawe alikuwa amelala mochari, keshokutwa angefukiwa kando ya ua bila wimbo, na yeye babake ndiye aliyelitoa neno hilo. Lakini ukiitazama karatasi usingejua kwamba kuna mtu yeyote ameumia.

Akaweka kalamu chini.

"Niandikie wewe."

Kimeli aliandika yote, kwa mwandiko uleule, kisha akamsomea. Akamwonyesha mstari wa mwisho. "Weka sahihi hapa."

"Una wino wa kidole?"

"Wino?" Kimeli alidhani hakusikia vizuri. "Mwalimu, hiyo ni ya watu hawajui kuandika."

"Lete."

Sajini alitafuta kwenye rafu hadi akapata kibweta cha wino, kimekauka nusu, akakifungua mezani na kukitemea mate kidogo. Mwalimu Murunga alikunja mkono wa shati, akachovya kidole gumba cha kushoto, akakikandamiza kwenye karatasi mpaka kucha ikawa nyeupe.