Siku Cherehani Yangu Ilipokula Kiapo

Jana mchana, dawa ya maumivu iliponilaza, niliota niko mahakamani na hakimu ni futi yangu ya kupimia nguo, ile ya njano.

Nilikuwa nadai fidia ya mguu wa kulia, uliokatwa baada ya lori kunigonga stendi. Wakili alishanieleza kwamba fidia hupimwa kwa kile alichopoteza mtu, basi hakimu akajikunjua ili apime. Mguu wenyewe ulikuja na kandambili yake, ukakaa benchi la mbele kwa adabu kunishinda. Nikaupa pole, nao ukanipa pole.

"Sentimita themanini na mbili," hakimu anasema. "Kazi ya mwenye mguu?"

Hapo nikatamani ardhi ipasuke. Fomu ya madai aliijaza wifi yangu Zaudia, na mimi kwa kinywa changu nilimwambia aandike sina kazi, nashonashona tu barazani. Mtaani kwetu kazi ni ya ofisini. Mwanamke wa barazani hata akivisha shule nzima huambiwa yupo tu nyumbani, naye huitikia.

Karani anasoma kwamba sina kazi.

"Basi ni mguu wa kuzungukia nyumbani," hakimu anasema. "Fidia yake ndogo." Anaanza kujikunja.

Nililia wazi wazi. Bila fidia ya haki sipati mguu wa bandia, na bila mguu sirudi kushona.

Mara mlango ukafunguka. Cherehani yangu inaingia, inaburuta pedali sakafuni. Ikala kiapo kwa kushika uzi.

"Mheshimiwa," ikasema, "mama huyu asiye na kazi amenikanyaga miaka kumi na tisa. Mimi nimechoka, yeye hajachoka."

Hakimu akataka mashahidi wengine. Mahakama ikawa uwanja wa shule, wakati wa mstari wa asubuhi, na sketi za bluu zikaja kwa foleni bila watoto ndani, kila moja ikitaja mwaka ilioshonwa. Gauni la harusi likakiri kwamba lilipanuliwa mara tatu na halikumwambia mtu. Hakimu akajinyoosha kuzipima kazi zote zile, akafika mwisho wake, akasema hatoshi.

"Fidia ipimwe upya," akaamua, "kama ya fundi."

Nikaugeukia mguu wangu. Siku zote nilizokuwa nao sikuwahi kuushukuru, na aibu ilinishika.

"Ahsante," nikauambia. "Wewe ndiye uliyenilelea watoto."

"Ahsante nawe," ukajibu. "Hukuniweka bure hata siku moja."

Ukavaa kandambili vizuri, ukaondoka zake.

Nikaamka. Zaudia alikuwa jikoni akinikorogea uji, kama afanyavyo kila siku tangu ajali, na moyo wangu ulijaa shukrani. Fomu ilikuwa mezani, ikisubiri kupelekwa kwa wakili leo asubuhi. Nikaivuta nirekebishe.

Pale palipoandikwa sina kazi, palikuwa pameshonwa kwa uzi wa bluu, mistari minne iliyobanana, hata neno moja halisomeki. Nikapitisha kidole juu yake. Tangu ajali sijagusa cherehani, lakini kila fundi anaujua mshono wake, na ule ulikuwa wangu.