Lindo la Yowasi

Jumatatu asubuhi Everlyn alishuka kwenye basi la kampuni, thamosi ya chai mkononi na chapati mbili ndani ya foili, akamkuta askari wa Kijerumani amesimama kwenye geti la magari. Alivaa koti zito la buluu lililofungwa vifungo mpaka kooni, kofia ya ngozi yenye ncha ya shaba utosini, na begani alikuwa na bunduki ndefu ya zamani. Kizuizi kilikuwa juu, gari la mpangaji wa ghorofa ya tisa likitoka, na askari alimpungia dereva apite. Everlyn alitazama saa yake. Geti lilikuwa limefunguliwa kwa wakati, jambo ambalo halikuwahi kutokea tangu mlinzi wake, Yowasi, afe.

Jengo lenyewe liko Al Nahda, Dubai, upande unaotazamana na Sharjah, mnara kama minara mingine ya pale, chumba cha watu wawili kinalaza wanane na mwenye nyumba anajitia hamnazo. Everlyn, mwanamke wa Bungoma, alikuwa msimamizi wa walinzi wote wa jengo hilo. Cheo alikuwa amekipata mwaka huohuo, 2014, mwishoni mwa joto la Agosti, na jinsi alivyokipata ndiyo iliyomfanya siku hizi achokonoe chakula kama mgonjwa.

Meneja, ambaye wote walimwita sir, alikuja kumtazama Mjerumani saa nne. Akamzunguka. Akauliza kama anahitaji maji, akaambiwa hapana. Akauliza kama anahitaji kiti, akaambiwa hapana. "Khalas, basi," alisema sir, "abaki." Mjerumani alipelekewa mpiga picha wa kitambulisho palepale getini, picha ikatoka ya ukuta mtupu, na kampuni ikamkatia kitambulisho chenye picha ya ukuta. Wapangaji walimzoea kabla ya wiki kwisha. Watoto waliotoka shule walimpa biskuti, naye alizitia mfukoni kwa heshima.

Alisema Kijerumani cha milimani kwao, na kila mtu alimsikia kwa lugha ya nyumbani kwake, hivyo hakukuwa na shida ya tafsiri. Shem, kijana wa Vihiga aliyekuwa mlinzi wa zamu ya pili, alipenda sana kumhoji. Akiwa amejibanza kwenye kivuli cha kibanda, alitaka kujua jeshi la zamani hizo lilipangwa vipi, na Mjerumani alimweleza bila kugeuza shingo.

Rejimenti yake ya askari wa miguu ilikuwa na batalioni tatu. Kila batalioni ilikuwa na kombania nne, na kombania zilihesabiwa moja hadi kumi na mbili bila kurudia, ili mtu akisema anatoka ya saba usihangaike kumuuliza batalioni gani. Namba ya rejimenti ilishonwa mabegani. Ya kwake ilikuwa imefifia kwa jua, na yeye mwenyewe alisema si vizuri kuitaja mbele ya raia. Vijana wa kombania moja walichukuliwa wilaya moja, wakajuana mpaka mbuzi wa nyumbani. Sajini meja, waliyemwogopa kuliko jenerali, walimwita mama wa kombania, kwa sababu ndiye aliyejua nani hana soksi na nani anakohoa. Na kule nyumbani ilibaki batalioni ya akiba, kazi yake kufundisha watu wa kuziba mapengo. Mtu akianguka leo, wa nyuma yake anasonga mbele hatua moja, kisha analetwa kijana mpya kutoka wilaya ileile. Kwa hiyo rejimenti haikufa. Wavaaji walikwenda, namba ikabaki.

"Kumbe ni kama sisi tu," alisema Shem. "Msee akienda, agenti anatuma mwingine kutoka kwao. Madam, si ni ukweli?"

Everlyn alisema lifti ya pili ina kasoro, akaenda kuitazama. Lifti ilikuwa nzima.

Walinzi wa kampuni ile walikuwa na desturi waliyofundishwa siku ya kwanza kabla hata ya kupewa viatu. Huondoki lindoni mpaka mwenzako aje akupokee, na mwenzako hajakupokea mpaka umkabidhi. Unamkabidhi funguo, redio na maneno. Maneno ndiyo mazito: kila lililotokea kwenye zamu yako, liwe paka au liwe mwizi, unamwambia wa zamu inayofuata, naye atamwambia wa baada yake. Yowasi alikuwa hodari wa maneno. Alikuwa mtu wa Tororo, mlalamishi wa kupigiwa mfano. Kiatu kikimbana jengo zima litajua, chai ikipoa atakukabidhi na habari ya chai.

Siku aliyokufa, Shem ndiye aliyekuwa wa kumpokea. Lakini siku hiyohiyo mama yake arbab, mwenye jengo, alikuwa anahamia ghorofa ya juu na masanduku yake, na sir alitaka walinzi wawili watanashati wasimame ukumbini. Everlyn, aliyekuwa bado kiongozi wa zamu tu, alitaka sir amwone. Akamchukua Shem, akamweka ukumbini penye kiyoyozi. Yowasi aliita kwenye redio. "Vumilia kidogo, mtu wa zamu yuko njiani," Everlyn alimjibu. Akaita tena, akajibiwa vilevile. Alipoita mara ya tatu, mama yake arbab alikuwa anaingia mlangoni, na redio ilikuwa inakoroma, basi Everlyn akaizungusha sauti mpaka chini. Yowasi alikutwa ameanguka palepale getini, juani.

Jioni sir aliuliza, "Aliita?"

"Hakuita, sir."

Likapita hivyo, na Everlyn akapewa usimamizi. Kampuni ikasema marehemu alikuwa na ugonjwa wa moyo ambao hakuusema, ikasafirisha mwili, ikatuma maua ya plastiki.

Shida ilikuwa Prossy. Mke wa Yowasi alikuwa na kibanda cha nguo mpakani Busia na Kiswahili chake kilikuwa cha huko, cha haraka na cha wazi, na kila Ijumaa alimpigia Everlyn simu. Hakuwa na ugomvi na mtu. Alikuwa na swali moja. "Madam, hakusema kitu kweli? Huyo mtu alikuwa akijikwaa kidole ananipigia simu kutoka Dubai. Anyamaze mpaka afe?" Everlyn alisema hakusema kitu. Kwenye simu ya nne au ya tano Prossy aliongeza jambo ambalo lilimfanya Everlyn akae chini kwenye ngazi za dharura. Usiku wa kuamkia siku ile waligombana kwa simu, alisema, juu ya mdogo wa Prossy aliyehamia kwao bila kuuliza. Alimwambia mumewe amechoka na malalamiko yake. Alimwambia anyamaze hata siku moja. "Nafikiri alinisikia," alisema Prossy. "Alinyamaza makusudi."

Sentensi moja ingemtoa yule mwanamke kwenye moto huo, na Everlyn aliijua sentensi yenyewe neno kwa neno. Alimwambia pole.

Basi unaelewa kwa nini Mjerumani getini hakumpa raha. Alisimama palepale Yowasi aliposimama, na jua lilelile likimchapa kisogoni. Siku moja Everlyn alimwendea.

"Afande, kwa nini huendi kwenu?"

"Sijatolewa lindoni," alisema askari. Katika vita na Wafaransa aliwekwa kulinda ghala la unga karibu na mto. Sheria yao ilisema askari wa lindo anaweza kutolewa na mtu mmoja tu, koplo aliyemweka. Koplo hakuja. Vita vikaisha, ghala likabomolewa, na yeye akawa anahama kutoka lindo moja lisilo na mtu hadi lingine. "Hili nililipokea Agosti, ingawa mmechelewa kuniona," alisema. "Aliyekuwepo alikuwa amechoka."

Everlyn hakuuliza zaidi. Alijua angeuliza angejibiwa.

Koplo alifika Alhamisi. Everlyn alimkuta kwenye chumba cha walinzi, amekaa kando ya mtambo wa maji, kofia magotini, mzee mwenye masharubu yaliyolowa. Alikuwa amemwona mtu wake kupitia dirishani na miguu ikakataa kutoka nje. Everlyn alimmiminia chai na kumpa chapati, naye akala kama mtu aliyetoka mbali, ambavyo ndivyo ilivyokuwa.

"Kulikuwa na harusi kijijini," alisema koplo. "Nilimsahau. Asubuhi mama wa kombania akauliza kama nimemtoa, nikasema nimemtoa. Baada ya kusema hivyo sikuweza kwenda kumtoa."

"Na sasa?"

"Nikimtoa ataniuliza nilikuwa wapi."

Everlyn alimkatia kauli kwa ukali ambao hata yeye ulimshangaza. "Mwambie ukweli tu. Unaogopa nini? Mtu amesimama miaka hiyo yote kwa ajili ya neno lako, na wewe umekalia chai! Simama, mzee. Yalla, twende."

Alimshika kiwiko, wakatoka pamoja kwenye jua. Koplo alisimama mbele ya askari, akanyoosha mgongo.

"Umechelewa, Herr Koplo," alisema askari.

"Nilikuwa harusini, nikakusahau. Kisha nikasema uongo kwamba nimekutoa. Nisamehe."

Askari alifikiri. "Harusi ya nani?"

"Ya binti wa mwenye kinu."

"Alikuwa mzuri yule," alisema askari, akateremsha bunduki. Lakini hakuondoka. Lindo haliachwi tupu, na Shem alikuwa amekwenda kula. Mwenye nguo za kampuni pale alikuwa mmoja tu. Askari akamgeukia Everlyn, akamkabidhi funguo, akamkabidhi redio, kisha akamkabidhi maneno, kwa sauti ileile aliyoelezea nayo kombania zake.

"Magari yametoka na kuingia kwa amani. Paka amezalia nyuma ya kibanda. Aliyenitangulia alinikabidhi hivi: aliita mara mbili akaambiwa mtu wa zamu yuko njiani. Akaita mara ya tatu, akasema, 'Madam, macho yangu yanaona giza, niitie Prossy, nimwambie mdogo wake akae tu.' Hakujibiwa. Ndiyo yote."

"Nimepokea," alisema Everlyn, kwa sababu ndivyo inavyosemwa, na mdomo ulisema wenyewe.

Askari na koplo walipiga mguu, wakageuka, wakashika njia ya Sharjah. Kwenye taa za barabarani walisimama pamoja na akina mama wawili wenye mifuko ya sokoni mpaka mtu wa kijani alipowaka, wakavuka.

Shem alirudi akijichokoa meno. "Madam, leo umeshika geti? Haya, nikabidhi nikupumzishe."

Everlyn alimpa funguo. Akampa redio. "Magari sawa," alisema. "Paka amezaa." Maneno mengine yalimpanda mpaka kwenye meno. Alimtazama Shem, kijana asiye na hila, ambaye kesho angemkabidhi mwingine, na huyo mwingine mwingine, mpaka yafike kwa sir, mpaka yafike Busia. Akafunga mdomo. "Ndiyo yote."

"Nimepokea," alisema Shem. Everlyn alitaka kuondoka, na miguu haikuondoka.

Walijaribu mambo machache. Shem alimvuta, halafu wakamvuta watu watatu, halafu mtu wa lifti akaleta grisi. Sir alishuka jioni, akamzunguka kama alivyomzunguka Mjerumani, akauliza kama anahitaji kiti, na Everlyn akasema hapana. Kazi ya usimamizi angeweza kuifanya kwa redio, na geti lingekuwa na mtu muda wote, kwa hiyo kampuni haikuona hasara. Aliletewa mwavuli. Aligundua kwamba hasikii njaa wala kiu, ila joto alilisikia lote.

Kila siku, saa ya zamu, Shem humwendea na kumwambia kwa upole, "Madam, nikabidhi." Kila siku Everlyn humwambia habari za magari na paka, na kwamba ndiyo yote, na Shem hupokea, na miguu haiondoki. Siku hizi Shem huja na kiti chake mwenyewe kabisa.

Ijumaa moja simu ililia. Prossy alikuwa na sauti nyepesi kuliko siku zote.

"Madam, sitakusumbua tena. Nilitaka tu nikuulize mara ya mwisho. Kweli hakusema kitu?"

Lori la maji lilikuwa limesimama mbele ya kizuizi, dereva amelala juu ya usukani akingoja. Everlyn alikuwa na sentensi mdomoni. Aliionja, yote, mpaka kwenye jina la Prossy, na akamwona sir akitoka mlangoni na funguo za gari lake.

"Hakusema kitu, dada."

"Basi alikuwa amenikasirikia. Jana nilikwenda kaburini. Nimemwomba msamaha. Nimemwambia sikujua atanisikiliza."

"Umefanya vizuri, dada," alisema Everlyn, akainua kizuizi, lori likapita.